Sawa Si Amri

Gatini pana maneno manane tu, na mwanamke waliyemwita Mama Taratibu alikuwa ameyasema kwa miaka kumi na moja, mpaka mengine yakawa yanamtoka usingizini. Inua. Shusha. Simama. Kulia. Kushoto. Taratibu. Gusa. Achia. Ukisimama chini ya kreni inayopakua makontena, redio umeifunga kifuani na juu ya kichwa chako kunaning'inia chuma cha tani ishirini, huhitaji ufasaha. Unahitaji maneno machache yasiyofanana, na mtu wa juu anayekuamini.

Kazi yake, ya mwelekezi, ilikuwa kuwa macho ya huyo mtu wa juu. Dereva wa kreni hukaa kwenye kibanda cha vioo, amejikunja, anatazama chini katikati ya magoti yake mwenyewe. Kutoka kule tela la lori ni kama kibiriti kilichodondoka sakafuni, na mtu aliyesimama kando ya tela haonekani kabisa. Kwa hiyo dereva haendi kwa anachokiona, anakwenda kwa anachoambiwa. Akiambiwa shusha, anashusha. Asipoambiwa, anangoja.

Neno la tisa lilikuwa limepigwa marufuku, nalo ni "sawa." Usicheke. Hebu jaribu wewe kukaa siku nzima bila kulisema uone kama hutabaki bubu. "Sawa" ni nimekusikia. "Sawa" ni nimekubali. "Sawa" ni endelea, na pia ni basi yaishe, na siku nyingine ni niondokee hapa nimechoka nawe. Mmoja analitoa kwa maana hii, mwenzake analipokea kwa maana ile, na mtaani hakuna anayeumia. Gatini mtu anaumia. Ndiyo maana kwenye ukuta wa chumba cha mapumziko afisa usalama aliandikisha kwa rangi nyekundu, herufi kubwa kama za duka la dawa: SAWA SI AMRI. Chini yake mtu mmoja, hajulikani mpaka leo, aliongeza kwa kalamu: "Sawa."

Nyumbani mambo yalikuwa kinyume. Kule Mama Taratibu alikuwa na neno moja tu, na ni hilo hilo. Mama mkwe wake, aliyekuja kwa wiki mbili kutibiwa mguu na sasa alikuwa na mwaka wa tatu, akiomba maji ya moto ya kukandia, sawa. Binti wa darasa la saba akikumbuka saa mbili usiku kwamba kesho mwalimu anataka ramani, sawa. Mume, ambaye alikuwa mlinzi wa shule, akisema leo anaondoka mapema kwa hiyo mboga hajaiosha, sawa. Yeye na mumewe walikuwa wakipishana mlangoni, mmoja anavua viatu, mwingine anavaa. "Hivi wewe ni mke wangu au ni mwenzangu wa kupokezana zamu?" mume alikuwa akimtania. Zamani alikuwa akicheka. Siku hizi alihesabu kwamba kicheko nacho kina uzito, akakiacha.

Mtu wa juu walimwita Ghorofa. Kwa miaka tisa alikuwa akipanda kwenye kibanda kile kile, na kwa miaka hiyo tisa Mama Taratibu alikuwa amemjua kwa sauti tu, kwa sababu yeye alianza kabla ya mapambazuko kwa lango la kaskazini na Ghorofa aliingilia la kusini, na chakula dereva hupelekewa juu. Alijua siku Ghorofa ana mafua. Alijua siku amegombana na mkewe. Lakini wangekutana sokoni wangegombea nyanya bila kujuana. Kila asubuhi kabla ya kontena la kwanza alimwuliza kwenye redio, "Ghorofa, umeamkaje?" naye akajibu, "Nimeamka mrefu, Mama." Afisa usalama alishindwa kukataza hilo.

Wiki moja bahari ilichafuka siku tano, meli zikazuiliwa nje, kisha zikaachiwa zote kwa pamoja kama wanafunzi siku ya kufunga shule. Mwelekezi wa zamu ya jioni akaugua. Jumatatu msimamizi wa zamu alimwomba Mama Taratibu aunganishe, afanye na ile ya jioni. Jumanne akamwomba tena, na Jumatano. Msimamizi huyo walimwita Chapchap kwa sababu ndilo neno lake, na mtu akikaa na neno moja muda mrefu hufanana nalo. Mpaka Alhamisi Mama Taratibu alikuwa anahisi nyayo zake kama za mtu mwingine aliyemkopesha kwa masharti. Masikio yalikuwa yanavuma hata mahali pasipo na injini.

Ilikuwa saa saba na nusu mchana, nusu saa kabla ya zamu kwisha. Kontena la buluu lilikuwa limetoka melini, limefika hewani kimo cha mtu juu ya tela. Dereva wa lori akaona pini moja ya kufungia kontena imekaa upande. Akateremka, akaenda kuigeuza kwa mkono. Mama Taratibu akasema, "Simama." Ghorofa akasimamisha. Mpaka hapo hapakuwa na kosa. Mama Taratibu akaweka kidole gumba juu ya kitufe cha redio, tayari kwa neno linalofuata pindi dereva akishatoka.

Chapchap akatokea nyuma yake. Sheria inasema mzigo ukiwa hewani hakuna mtu wa kumsemesha mwelekezi, hata nyumba yake ikiungua. Chapchap aliijua sheria hiyo, yeye ndiye aliyekuwa akiwafundisha wageni.

"Mama, mwenzako bado hajapona," alisema. "Utaunganisha na leo, eeh? Mpaka saa nne."

Hakugeuka. Hakufikiri pia. Kufikiri kungetaka nguvu.

"Sawa," alisema, na kidole kikabonyeza.

Alijua papo hapo. Redio ina mvumo wake, na mvumo ule hukatika mtu akibonyeza. Ulikatika. Juu yake kamba za chuma zikaanza kutiririka. "Simama! Simama!" akapiga kelele, na Ghorofa akasimamisha, lakini tani ishirini hazisimami kama mbuzi aliyevutwa kamba. Kona ya kontena iligonga tela, tela likanesa, likamrusha dereva wa lori pembeni, akaangukia bega. Mfupa wa mtulinga ulivunjika. Alikaa juu ya lami akilishika bega lake na kutukana, matusi ya kila aina, yaliyopangwa vizuri, na Mama Taratibu akashukuru kwa kila tusi, kwa sababu maiti haitukani.

Kreni ilizimwa. Dereva wa lori akapelekwa zahanati. Chapchap akamshika Mama Taratibu kiwiko, akampeleka nyuma ya ofisi ya bati ambako kulikuwa na kivuli kidogo na harufu ya dizeli.

"Uliiambia kreni ishushe?"

"Nilisema sawa. Nilikuwa nakujibu wewe. Kidole changu kilikuwa—"

"Sijauliza kidole. Nimeuliza, ulisema shusha?"

"Hapana."

"Basi imekwisha." Akatoa fomu kwenye jalada, ukurasa mmoja, akaonyesha kwa ukucha. "Swali la nne. Je, mwelekezi alitoa amri ya kushusha? Ndiyo au hapana. Utaandika hapana. Na hutakuwa umesema uongo. Sawa si amri, imeandikwa ukutani kubwa hivi."

"Na Ghorofa?"

"Ghorofa ameshusha bila amri. Ni kuchoka, yanatokea. Alisinzia." Chapchap akafuta jasho shingoni. Alikuwa amepauka kidogo, na kusema haki naye alikuwa hajalala vizuri wiki nzima. "Mama, sikiliza. Ukianza kuandika habari za vidole, wataniuliza nilikuwa nafanya nini pale. Tutaondoka wawili. Wewe una binti, una mkwe mgonjwa. Mimi pia nina wangu."

Kamba hukatikia pabovu, na Chapchap alikuwa anatafuta pabovu pasipo na jina lake. Mama Taratibu aliliona hilo waziwazi. Lakini aliona pia kwamba hapakuwa na jina lake mwenyewe. Akaikunja fomu mara nne, akaitia mfukoni mwa kizibao chake cha njano. Aliona aibu, na pamoja na aibu aliona nafuu, na nafuu ndiyo iliyomtia aibu zaidi.

Nje ya chumba cha kubadilishia nguo kulikuwa na benchi, na kwenye benchi alikaa mtu mfupi, mfupi kweli, miguu yake haikufika chini vizuri. Shati alikuwa amelifunga vifungo mpaka kooni. Mama Taratibu alimpita.

"Mama," yule mtu akasema.

Akasimama. Sauti ile angeitambua hata chini ya maji.

"Kumbe ndiwe," alisema. "Na huo urefu wa kuamka nao?"

"Hukaa juu. Nikishuka nauacha kibandani." Alitaka kucheka, ikashindikana. "Dereva anaendeleaje?"

"Mtulinga. Wamemfunga. Bado anatukana."

"Vizuri." Ghorofa akaangalia mikono yake. "Dada'ngu, nikuulize kitu. Si kwa ajili ya fomu. Fomu waandike wanavyotaka. Nilisikia sauti yako ikisema neno, au sikusikia?"

Mama Taratibu akaishika fomu mfukoni.

"Maana Chapchap ananiambia redio ilikuwa kimya. Anasema nilisinzia nikaota. Na kweli, kuchoka nimechoka. Wiki hii kuna wakati natazama chini naona makontena yanatembea yenyewe. Lakini nilisikia, dada. Ningeapa nilisikia." Alishusha sauti. "Kama masikio yangu yameanza kuniundia maneno, sina haki ya kupanda tena. Hata wakinisamehe, sipandi. Watu wako chini kule. Wewe uko chini kule."

Jibu lilikuwa neno moja la silabi mbili, neno lile lile lililoshusha kontena. Lilimfika Mama Taratibu kwenye ulimi, likakaa. Akafikiria ada ya shule ya sekondari itakayoanza mwakani, akafikiria mguu wa mama mkwe, akafikiria kwamba mtu aliyesimama saa kumi na sita kwa siku tatu mfululizo asiulizwe maswali makubwa.

"Nenda kapumzike kwanza," alisema. "Kesho tutazungumza."

"Sawa," akasema Ghorofa, akashuka kwenye benchi.

Nyumbani alimkuta mumewe mlangoni, kiatu kimoja mguuni, kingine mkononi. Akamweleza yote akiwa amesimama, kwa sababu alijua akikaa hatainuka. Mume alisikiliza mpaka mwisho, na kwa mtu aliyechelewa kazini hilo lilikuwa jambo kubwa.

"Jibu walichokuuliza," alisema mwishowe. "Wameuliza kama ulisema shusha. Hukusema. Usijitie kitanzi kwa swali ambalo hukuulizwa."

"Na yule mtu?"

"Atapewa kreni nyingine."

"Hataki kreni nyingine. Anadhani masikio yameharibika."

Mume akavaa kiatu cha pili, polepole kuliko ilivyohitajika. "Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi," alisema. "Sisemi ni vizuri. Nasema ndivyo ilivyo." Akamshika bega, akaondoka. Mumewe hakuwa mtu mbaya, tena siku zote alikuwa akimpunguzia mzigo palipowezekana. Hapa hapakuwezekana.

Mama mkwe alikuwa kwenye kiti chake karibu na dirisha, mguu juu ya stuli. Nyumba ya vyumba viwili haina siri. Hakusema lolote juu ya kreni. Alisema, "Mwanangu, maji ya moto kama yapo."

"Sawa, mama."

"Ngoja," kikongwe akasema. "Miaka mitatu nakuomba maji na miaka mitatu unaniambia sawa. Sijawahi kujua kama ni sawa ya kukubali au sawa ya kuchoka. Nikikaa hapa nabahatisha. Siku nyingine mguu unaniwaka nami naogopa kuomba, nasema leo huenda ni ile ya kuchoka."

Mama Taratibu akaketi sakafuni pale pale, na kofia yake ngumu ikiwa bado kichwani. Alimwona kikongwe yule akiumia kimya mchana kutwa kwa sababu hakupata jibu la kweli, akamwona na mtu mfupi kwenye benchi.

"Leo ni ile ya kuchoka, mama," alisema.

"Ahaa. Basi kaa. Mguu leo hauna neno." Akamwita mjukuu wake aje amvue mama yake viatu.

Kikao kilikuwa kesho yake saa nne asubuhi, ghorofa ya pili, kwenye chumba chenye kiyoyozi kikali ambacho watu wa gatini huingia wakapiga chafya. Afisa usalama alikaa mbele na kalamu mbili. Chapchap alikuwa kulia. Ghorofa alikuwa upande wa pili wa meza, macho mekundu, na kabla hata hajaulizwa jina akatoa leseni yake ya kreni kwenye kifuko cha plastiki, akaisukuma katikati ya meza.

"Nairudisha mwenyewe," alisema. "Nilisikia kisichosemwa. Mtu wa namna hiyo hatakiwi juu."

Afisa usalama akainyooshea mkono.

"Ulisikia," Mama Taratibu akasema. Sauti ilimtoka kubwa kuliko alivyopanga, kama yuko gatini. "Ulinisikia mimi. Nilisema sawa, na kitufe nilikuwa nimekibonyeza. Masikio yake ni mazima, bwana, mrudishieni leseni."

Kiyoyozi kiliendelea kuvuma. Afisa usalama akaangalia fomu yake.

"Swali hapa ni kama ulitoa amri ya kushusha."

"Hapana."

"Sawa si amri."

"Ukutani si amri. Lakini yule alikuwa amening'iniza tani ishirini anangoja neno kutoka kwangu. Miaka tisa mimi ndiye ninayemwambia. Akisikia sauti yangu hawezi kuanza kukumbuka ukutani kumeandikwa nini."

"Ulikuwa unamjibu nani?"

Chapchap alikuwa anasoma dari. "Msimamizi wa zamu," Mama Taratibu alisema. "Aliniomba niunganishe zamu. Ilikuwa mara ya nne wiki hii."

Waliandika muda mrefu. Ghorofa alirudishiwa leseni yake na onyo la mdomo. Chapchap akapewa barua ya onyo. Mama Taratibu akaondolewa gatini kwa miezi sita, apelekwe lango kuu kukagua lakiri zinazofunga milango ya makontena yanayotoka. Kuhusu zile zamu za kuunganisha hakuna aliyeandika chochote. Fomu haikuwa na swali hilo.

Kwenye ngazi Ghorofa alikuwa anamngoja. Mama Taratibu alitarajia shukrani, naye hakuwa malaika. Hata alikuwa ameandaa jibu la kujishusha kidogo, la si neno, kaka, ni wajibu.

"Jana pale kwenye benchi," Ghorofa alisema, "ulikuwa unajua."

"Nilikuwa najua."

"Usiku sikulala. Nilikaa jikoni nimemgeuzia mke wangu mgongo, yeye anaangusha vijiko, mimi nahesabu. Kimoja. Viwili. Nasikia vyote, na bado siamini. Nikamwambia sasa angusha pini. Akaangusha pini. Nikaisikia. Nikalia, dada, mtu mzima, watoto wakaamka kuniangalia." Alikuwa anaongea bila hasira, na hiyo ndiyo iliyouma. "Neno moja tu. Ungelisema pale pale, ningelala."

Mama Taratibu alitafuta cha kujitetea, na vilikuwepo, vingi tu, vya kweli. Akaviacha. "Nisamehe," alisema.

Ghorofa akafikiri. "Bado," alisema. Kisha akateremka ngazi, moja moja kwa miguu yake mifupi, akaelekea kreni.

Lango kuu lina kibanda chenye paa la bati na kiti kimoja. Redio ya pale hufunguliwa kwenye mawimbi ya gati, ili mlinda lango ajue malori yanakuja lini. Mama Taratibu aliwekwa kazini mchana huo huo. Lori la kwanza lilikuwa halijafika. Aliegemea ukuta, miguu inamwaka, akasikia mwelekezi mpya akianza kazi, kijana mwenye sauti safi.

"Shusha," kijana alisema.

"Rudia," ikajibu sauti ya Ghorofa.

"Shusha."

"Rudia tena."

Kijana bila shaka alikuwa anatazama juu, anashangaa.

"Shusha," akasema mara ya tatu, na mbali kule, juu ya mapaa ya maghala, kamba za kreni zikaanza kushuka.